Siku Nne za Jamvi: shajara ya filamu fupi ya Mtambwe

Tarehe 3 Oktoba, Wete

Nimeshuka bandari ya Mkoani, kisiwani Pemba, na boti ya asubuhi, nikapanda gari hadi Wete na begi la kamera mapajani, kwa kuwa gari za abiria hazina adabu na lenzi. Tumo wanne katika kazi hii: mimi ninayeongoza, mpiga picha aliyetoka Unguja, kijana wa sauti ambaye ni mzaliwa wa Chake Chake, na binamu yangu asiye na cheo chochote ila ndiye anayejua kila mlango wa kijiji tutakachokaa. Kibali cha Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni tunacho, na sheha, kiongozi wa serikali kijijini, ameshaarifiwa.

Filamu yenyewe naieleza hapa mara moja ili nisirudie. Itakuwa ya dakika kumi hadi kumi na mbili. Mwanamke mtu mzima anaanika karafuu uwanjani kwake, Mtambwe, kwa siku nne za majira ya vuli, naye hana uhakika na mvua. Hakuna ugomvi, hakuna mgeni anayebisha hodi, hakuna siri inayofichuka. Ninachotaka kukishika ni ile hali anayoijua kila aliyekulia Pemba wakati wa msimu: mwili umekaa barazani, mikono inasuka ukili, mazungumzo yanaendelea kama kawaida, lakini sikio halipo kwenye mazungumzo, limo juu ya miti linasikiliza kama upepo umegeuka.

Tarehe 5 Oktoba, Mtambwe

Mhusika wetu ni ndugu wa bibi yangu mzaa mama, nami humwita bibi. Nilikwenda na mpiga picha kumwamkia na kumweleza tena, ingawa kwa simu alikwisha kukubali.

“Shikamoo, bibi.”

“Marahaba, mjukuu wangu. Huyu ndiye mwenye chombo?”

“Ndiye.”

“Na mimi niseme nini mbele ya hicho chombo?”

“Husemi kitu, bibi. Utafanya kazi zako kama siku zote.”

“Basi mtakuwa mnapiga picha ya bubu.”

Ametoa masharti mawili, nasi tumeyakubali bila mjadala: asipigwe picha ushungi ukiwa umemwanguka, na kamera isivuke kizingiti cha nyumba yake. Sharti la pili limenipunguzia kazi, kwani muswada ulikuwa na picha tano za chumbani ambazo sikuwa na sababu nazo zaidi ya kwamba filamu za aina hii huwa nazo. Yanayotokea ndani yatasikika tu, na nje utaonekana mlango.

Tarehe 9 Oktoba

Leo kamera haikutoka begini. Nilikaa jamvini na bibi na wajukuu wawili kuchambua karafuu zilizoletwa alasiri kutoka shambani, kwa sababu nimeona watengenezaji wengi wa filamu, na mimi nikiwa mmoja wao, wakipiga picha ya kazi ambayo mikono yao haijawahi kuigusa.

Mtu hushika kishada kwa mkono mmoja, akakisugua juu ya kiganja cha mkono wa pili, punje zikadondoka na konyo likabaki. Bibi haangalii mikono yake hata kidogo. Mimi niliyekuwa nikiiangalia nilimaliza vishada vitano pale alipomaliza kumi na vitano, na usiku nilipokula, wali wote ulikuwa na ladha ya karafuu kutoka vidoleni. Makonyo hayatupwi, huwekwa kando, huanikwa peke yake na kuuzwa, kwani Wawi kuna kiwanda kinachoyakamua mafuta. Punje huanikwa asubuhi inayofuata. Jua likiwa kali zinakauka kwa siku tatu au nne, likiwa la kusuasua huchukua tano, na kila kilo tatu mbichi hutoa takriban kilo moja kavu. Zikilowa kabla ya kukauka huvunda, hupoteza rangi, na mnunuzi wa kituo cha karafuu huzishusha daraja.

Hapo ndipo nilipoiona filamu, na nimeufuta nusu ya muswada. Kwa miezi mitatu nilikuwa nikitafuta kitu cha kuibeba dakika kumi bila kisa, kumbe kipo na hakihitaji kutungwa. Siku ya kwanza punje ni za kijani zenye wekundu, nzito, na zikimwagwa jamvini hutoa sauti ya mchanga mbichi. Siku ya pili zinaanza kusinyaa na zikipinduliwa kwa kiganja husuguana bila kulia. Siku ya nne ni za hudhurungi, ukizivunja zinakatika, na ukizipindua zinalia. Rangi, uzito na sauti vinabadilika vyenyewe kwa mpangilio ambao mtazamaji anaweza kuufuata bila kuambiwa. Kazi yetu ni kutouharibu.

Tarehe 11 Oktoba, siku ya kwanza ya kupiga picha

Tumeharibu siku nzima, na sababu yake inastahili kuandikwa kwa urefu.

Nilikuwa nimeamua kwamba mawingu hayataonekana kabisa katika filamu. Mtazamaji ataona jamvi tu, na wingu atalijua kwa namna mwanga unavyopungua juu ya karafuu na kurudi. Tuliiweka kamera juu ya stendi, chini, karibu na pembe ya jamvi, tukaiacha. Majira haya ya tanga mbili, kusi imekwisha na kaskazi haijaingia, mawingu hupita moja moja, na leo yalipita kwa wingi kama tulivyoomba. Kila mara niliona jamvi likififia, bibi akinyanyua uso, kisha mwanga ukirudi na yeye akirudi kwenye ukili wake. Nilikuwa na furaha isiyo na mpaka.

Usiku tulipotazama, mawingu hayakuwamo. Kamera ilikuwa imeachwa ijipimie mwanga yenyewe. Ilipohisi giza ilijiongezea, mwanga uliporudi ikajipunguzia, kwa hiyo jamvi lilibaki na mng'ao uleule kwa saa nne, na bibi yangu alionekana kama mtu anayetazama ndege. Kinasa sauti nacho kilikuwa na tabia hiyohiyo. Kila pakiwa kimya kilijipandisha, ukimya ukajaa mvumo, na shoka lililokuwa likipasua kuni nyumba ya pili lilipogonga likajishusha. Vifaa vyote viwili vimetengenezwa ili kumkinga mtu na giza na kimya, yaani vitu viwili nilivyokuja Pemba kuvitafuta.

Kuanzia kesho kila kitu kitashikwa kwa mkono. Fremu ni 25 kwa sekunde na shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga, 1/50 ya sekunde, kwa sababu umeme wa kwetu ni wa hezi 50 na kasi hiyo huzuia taa ya barazani isipepese kwenye picha. ISO, yaani wepesi wa kamera kuhisi mwanga, ni 400, tundu la lenzi f/8, na mbele yake kichujio kinachopunguza mwanga mara 32, maana jua la adhuhuri hapa halivumiliki bila hicho. Rangi imefungwa kwenye Kelvini 5600, kipimo cha mwanga wa mchana. Wingu zito likipita mwanga utashuka hadi robo au chini yake, na picha itakuwa ya giza, nasi tutaiacha iwe ya giza. Kijana wa sauti atarekodi kwa biti 24 na kiwango cha sauti kisichobadilika, hata kama sauti ya kikohozi cha mbali itakuwa ndogo mno.

Tarehe 12 hadi 15 Oktoba

Siku nne mfululizo, jamvi moja, karafuu zilezile. Tulianza kila siku saa kumi na mbili na nusu asubuhi bibi anapoanika, tukamaliza saa kumi na mbili jioni anapokuwa amekwisha kuanua. Siku ya tatu ilinyesha rasharasha ya dakika kumi hivi, na mbio za kuanua zilikuwa za kweli kiasi kwamba mpiga picha aliiacha kamera ikienda peke yake akashika pembe ya jamvi. Kwenye picha unaonekana mgongo wake. Sijui kama nitaikata.

Jua huzama kama saa kumi na mbili na robo, na baada ya hapo tunabaki na dakika ishirini hivi kabla ya giza. Nchi za mbali na ikweta wana machweo ya kustarehe nayo. Sisi ni mara moja tu, ukikosea unasubiri kesho.

Tarehe 17 Oktoba

Jioni barazani ami mmoja, mchumaji wa zamani, aliniuliza filamu inahusu nini. Nikamweleza. Akanyamaza, kisha akasema, “Filamu ya karafuu isiyo na magendo ni filamu gani?” Na wenzake wakamuunga mkono, kila mmoja akaleta kisa chake cha mashua ya usiku iliyovusha karafuu kwa siri.

Hoja yake haikuwa ya kupuuzwa, kwani visa hivyo vilikuwa vizuri kuliko chochote nilichoandika. Lakini nikiweka mashua ya usiku, jamvi linakuwa ushahidi. Mtazamaji ataliangalia ili ajue zilikuwa kilo ngapi na zimekwenda wapi, wala hataona tena kwamba upande mmoja umekauka kuliko mwingine kwa sababu ya kivuli cha mwembe. Ami atatengenezewa filamu yake na mtu mwingine, nami nitakuwa wa kwanza kwenda kuitazama.

Niseme pia jambo ambalo huwa tunapenda kulinyamazia. Filamu nyingi za hali, zisizo na kisa, zinazotengenezwa visiwani ni uvivu uliopakwa rangi: machweo, ngalawa, mwanamke wa kanga akitembea kwa mwendo uliopunguzwa, na juu yake muziki wa kusikitisha ambao haukusababishwa na lolote. Muziki huo ndio unaofanya kazi yote, na ukiuzima unabaki na kadi ya posta. Kwa hiyo tumekubaliana kwamba filamu hii haitakuwa na muziki hata wa sekunde moja, na hakuna picha itakayopunguzwa mwendo. Tukishindwa, tushindwe waziwazi.

Tarehe 20 Oktoba, Wete

Pigo. Tumetazama kazi ya siku nne kwenye skrini kubwa na kugundua kwamba lenzi ndefu, tuliyoikodi katika duka moja mjini Unguja, ina kuvu ndani. Kwenye skrini ndogo ya kamera haikuonekana. Hapa kila picha iliyopigwa kuelekea jua ina utando wa maziwa pembeni, na karibu picha zote za karibu za siku ya tatu na ya nne zilipigwa kwa lenzi hiyo. Binamu alijaribu kunifariji kwamba utando huo una uzuri wake. Hauna. Unafanya karafuu kavu zionekane mbichi.

Kosa ni la mwenye duka, na ni langu pia, kwa sababu kuimulika lenzi kwa tochi ya simu kabla ya kulipa ni kazi ya nusu dakika. Tatizo ni kwamba karafuu zile zimeshauzwa. Msimu haungoji mtu wa filamu.

Tarehe 2 hadi 5 Novemba, Mtambwe

Tumerudia kwa karafuu za jirani, juu ya jamvi lilelile la bibi, na lenzi ya mwenzetu mwingine. Tangu hapo vifaa vyote vinalala ndani ya ndoo ya plastiki yenye mfuniko, pamoja na vile vifuko vya punje za kunyonya unyevu.

Jioni ya tarehe 4 binamu alitupeleka Kidike kuwaona popo wa Pemba, ambao hawapatikani pengine popote duniani. Wakati wa magharibi waliruka kwa mamia juu ya miti, mabawa mapana, polepole, na mpiga picha aliwapiga hadi betri ikaisha. Ni picha nzuri kuliko zote tulizonazo. Haina nafasi katika filamu, kwani bibi hajawahi kuketi akiwangoja popo.

Siku ya nne ya karafuu kijana wa sauti aliniita, akanivalisha vipokea sauti vya masikioni na kumwomba bibi apindue jamvi zima taratibu. Niliinua macho kutazama juu kabla ya kufikiri. Karafuu zilizokauka vizuri, zikipinduliwa kwa mikono miwili, zinalia kama rasharasha juu ya makuti. Yaani saa ileile ambayo hatari imepita, jamvi linatoa sauti ya kile kilichokuwa kikiogopwa. Tulijaribu kurekodi mara sita, na mara zote sita palipita pikipiki, au mtoto, au jogoo. Kisha jua likaisha, karafuu zikaingia guniani.

Tarehe 16 Novemba, Unguja

Uhariri. Mkusanyo wa kwanza una picha 41 na dakika 19, nao unachosha; sitaki kusema ni wa polepole, kwa sababu upolepole ndio niliouomba.

Mpiga picha alipendekeza kanuni. Filamu ambazo Auguste na Louis Lumière walizionyesha Paris mwezi wa Desemba 1895 zilikuwa za takriban sekunde 50 kila moja, kwa kuwa mkanda mmoja wa mita 17 hivi uliishia hapo, na kila filamu ilikuwa picha moja isiyokatwa. Kwa nini na sisi kila picha tusiipe sekunde 50? Tulijaribu kwa siku mbili. Picha ya jamvi na wingu ilinenepa: sekunde 15 za kwanza unaangalia karafuu, hadi ya 30 unaanza kuchoka, kisha mwanga unashuka kidogo na ule uchovu wenyewe unageuka wasiwasi. Ingekatwa kwenye sekunde 20 ingekuwa pambo. Lakini picha ya mikono ya bibi ikisuka ukili ilikufa kwenye sekunde 18, kwa sababu mikono ikishaeleweka haina jambo jipya, na tulipoilazimisha ifike 50 ilianza kuomba sifa.

Kwa hiyo kanuni tumeiacha, ila imetufundisha kuuliza swali moja kwa kila picha: je, kuna kitu kinachobadilika humu ambacho macho hayajakimaliza? Picha zimebaki 16, na filamu ni ya dakika 11 na sekunde 20. Mgongo wa mpiga picha umebaki.

Kwa siku ya nne, kwa kuwa sauti safi hatukuipata, nimetumia sauti ya kupindua ya siku ya pili na kuikoleza kidogo. Haitajulikana.

Tarehe 27 Novemba, Mtambwe

Tumeonyesha filamu baada ya Isha, kwenye shuka jeupe lililofungwa ukutani kwa bibi, kwa projekta ya kuazima. Walikuja watu kama thelathini. Watoto mbele, wanaume upande wa barazani, kina mama upande wa mwembe. Nilisimama nyuma, mahali ambapo ningeweza kuangalia vichwa badala ya shuka.

Dakika mbili za kwanza walikuwa wakitajana: yule fulani, lile jamvi la fulani, tazama mbuzi wetu. Kisha wakanyamaza. Picha ya saba ni jamvi lililoachwa peke yake, bibi ameingia ndani kuswali alasiri, mwanga unashuka na haurudi kwa sekunde 52. Kwenye sekunde kama ya 30 mama mmoja alisema kwa sauti, “Jamani, hakuna mtu hapo?” Baadaye aliniambia kwamba miguu yake ilitaka kunyanyuka ikaanue. Sijawahi kupewa ripoti bora zaidi kuhusu kazi yangu.

Ilipofika siku ya nne, yule ami wa magendo alinyoosha mkono kabla picha haijaisha. “Hapo mmetudanganya,” akasema. “Rangi ni ya siku ya nne, sauti ni ya siku ya pili.” Wanaume watatu wakaitikia kwa pamoja. Niliona uso wangu ukipata moto gizani. Nilikuwa nimewachukua watu hawa kama hadhira ngeni ya filamu isiyo na kisa, kumbe walikuwa wakiufuata ukaukaji hatua kwa hatua, kwa masikio, na nilipouruka wakanikamata palepale, kama mtu mwingine angekamata, katika filamu ya upelelezi, muuaji asiye na sababu ya kuua.

Watoto walitaka kujua kama mvua ilinyesha au haikunyesha. Wakubwa waliwajibu kwa majibu mawili tofauti, ubishi ukaendelea hadi tulipokunja shuka.

Tarehe 1 Desemba, Mtambwe

Tumebaki kwa ajili ya sauti moja. Binamu amepata karafuu za siku ya nne nyumba ya mwisho ya kijiji, mbali na barabara, na mwenye nyumba ametuvumilia. Tumerekodi saa tisa mchana, wakati jogoo wamelala na watoto wako madrasa. Ami alikuja mwenyewe kusimamia, akatukatalia mara mbili, jamvi la kwanza akisema bado lina ubichi katikati. Mara ya tatu alifumba macho, akasikiliza hadi mwisho, akasema, “Haya, hizo peleka kituoni.”

Jioni nimeiweka sauti mahali pake na kumvalisha bibi vipokea sauti. Alisikiliza mikono ikiwa kwenye ukili. Hakusema kitu, ila ilipofika pale aligeuza kichwa kuelekea uwanjani, ambako leo hakuna kilichoanikwa.

Tarehe 6 Desemba, Unguja

Yaliyobaki. Rangi ya picha ya tano na ya kumi na moja hazilingani, kwani moja ni ya karafuu za bibi na nyingine ni ya karafuu za jirani. Nitazisogeza karibu bila kuzifanya pacha. Sauti inahitaji mizani mbili. Nakala tutakayoipeleka ZIFF, tamasha la kimataifa la filamu la Zanzibar, tukikubaliwa, huenda ikaonyeshwa uwazini Ngome Kongwe, na hapo bustani ya Forodhani iko jirani na kelele zake za usiku, kwa hiyo kikohozi cha mbali nilichokilinda tangu Oktoba kitamezwa na inabidi kipandishwe kidogo. Nakala ya ukumbini itabaki kama ilivyo. Majina ya mwisho yanangoja jambo moja tu: ami anasema kama ataandikwa, basi aandikwe kama mkaguzi wa karafuu, na wala si kama mshauri.